Kilele cha Uhuru au Kilele cha Ujamaa: mtu wa Dar apande upi?

Mdogo wangu alinipigia simu Jumapili moja akiwa kwenye daladala ya Mbagala, sauti ya konda ikisikika kuliko yake. "Dada, sisi watano wa ofisini tumechanga tangu Januari. Tupande Kilimanjaro au Meru?" Nikamwambia nitamwandikia. Swali hilo naulizwa mara kwa mara na watu wa hapa mjini, na nimeona kwamba jibu la haraka halimsaidii mtu. Haya ndiyo niliyomwandikia, na mengine nimeyaongeza kwa ajili ya wenzake.

Kilele cha Kibo, kile kikuu cha Kilimanjaro ambacho ncha yake ndiyo Uhuru, nimekifikia mara moja na kukikosa mara moja. Meru nimeupanda mara moja nikafika. Milima mingine ya kwetu naipenda pia, Hanang wenye mita 3,420 na Ol Doinyo Lengai ambao Wamasai wanauita Mlima wa Mungu, lakini watu wa Dar wakiketi kupanga safari huwa wanabaki na hii miwili mezani, kwa hiyo nami nitabaki nayo.

Jibu nalitoa mapema. Mwenye siku saba au nane za kukaa mlimani, na fedha za kuzilipia, aende Kilimanjaro. Mwenye siku nne aende Meru, na asijione amepewa makombo, maana huo ndio mlima wa pili kwa urefu Tanzania na usiku wake wa kilele unatisha kuliko watu wanavyodhani. Ambaye namzuia kwa mikono miwili ni yule mwenye siku tano anayetaka kuzibana zimfikishe Uhuru. Huyo nilikuwa mimi.

Siku kwanza, mita baadaye

Sisi wa Dar tunalala usawa wa bahari. Mtu aliyekulia Temeke au Tegeta mwili wake haujawahi kuonja hewa nyepesi. Kilele cha Uhuru kiko mita 5,895, na kule kila pumzi inabeba karibu nusu tu ya oksijeni tunayoivuta Coco Beach. Mwili unaweza kuzoea, ila unazoea kwa kulala, hauzoei kwa kukazana. Kanuni ya wataalamu wa afya ya milimani ni kwamba ukishavuka mita 3,000, usilale zaidi ya mita 500 juu ya pale ulipolala jana, na kila baada ya siku chache upumzike siku moja bila kuongeza mwinuko.

Sasa chukua njia ya Marangu kwa siku tano. Unalala Mandara, mita 2,720. Kesho yake Horombo, 3,720. Kesho yake kibanda cha Kibo, 4,720. Kila siku unaongeza mita 1,000, mara mbili ya kanuni, halafu usiku uleule wa tatu unaamshwa saa tano ili upande mita nyingine 1,175. Njia yenyewe ni nzuri, ina vibanda vyenye vitanda na mteremko wake si mkali. Kosa liko kwenye hesabu ya siku. Ukiongeza usiku mmoja Horombo, mambo yanabadilika sana.

Kampuni iliyoniuzia safari ya kwanza iliniambia siku tano zinamtosha kijana mwenye afya, na mimi nilikuwa nakimbia kila asubuhi Barabara ya Toure, nikaamini. Kibo nilifika jioni nikiwa siwezi kula. Kichwa kilikuwa kinagonga kama mtu anatwanga ndani. Usiku tulipofika Pango la Hans Meyer, zaidi kidogo ya mita 5,000, nikatapika, nikasimama, nikaona taa za wenzangu zikienda juu bila mimi. Mwongozaji aliniambia nitembee hatua kumi kwenye mstari ulionyooka. Nilipepesuka hatua ya nne. Akanishika mkono, akasema, "Dada, tunashuka sasa hivi." Hakunibembeleza wala hakuniuliza maoni yangu, na mpaka leo namshukuru. Mtu anayepepesuka, au anayekohoa mfululizo huku akikosa pumzi hata akiwa amekaa, dawa yake ni kushuka saa hiyohiyo, hata kama ni usiku wa manane.

Mara ya pili nilikwenda kwa njia ya Lemosho, siku nane. Inaanzia magharibi, geti la Londorossi, inapita msituni kwenye kambi ya Mti Mkubwa, inavuka uwanda wa Shira, halafu siku moja inakupandisha mpaka Lava Tower, karibu mita 4,600, unakula chakula cha mchana hapo kichwa kikianza kuuma, kisha inakushusha ulale Barranco, chini ya mita 4,000. Siku ile ndiyo iliyonifikisha kileleni. Mwili ulionja urefu, ukapewa usiku wa kujirekebisha. Machame kwa siku saba inafanya kazi hiyohiyo, maana nayo inapita Lava Tower na Barranco. Rongai, inayotokea kaskazini karibu na mpaka wa Kenya, ina mvua chache kuliko kusini. Umbwe ni ya waliokwisha kuzoea. Mweka ni ya kushukia tu.

Meru hesabu yake ni nyingine. Kilele kiko mita 4,566. Unaanzia geti la Momella, mita kama 1,500, unalala Miriakamba mita 2,514, kisha Saddle Hut mita 3,570. Hapo nako unaongeza mita 1,000 kwa siku, sikatai, na watu wanaumwa vichwa. Tofauti ni kwamba huli wala hulali juu ya 3,570. Unapanda usiku, unafika asubuhi, unashuka siku hiyohiyo. Ukizidiwa, saa mbili tatu za kushuka zinakurudisha kwenye hewa nzito. Kwa mwili wa pwani usiojijua, Meru ni mahali pa kuujua bila kuhatarisha mengi, na wapo wengi wanaopanda Meru wiki moja kabla ya Kilimanjaro kwa sababu hiyo tu.

Nani alifika, na nani akapewa jina

Hapa ndipo mimi ninapochelewa kila nikizungumza habari za milima hii. Nchi yetu ina vilele viwili virefu vilivyopewa majina ya siasa yetu wenyewe. Kimoja Uhuru, kingine Ujamaa. Kibao cha Meru kimeandikwa Kiingereza, lakini maana ni hiyo: Kilele cha Ujamaa, juu ya mji ambako Azimio la Arusha lilipitishwa mwishoni mwa Januari 1967. Mtu anayechagua mlima kwa sababu ya historia, hapo ana kazi.

Historia ya Kilimanjaro imeandikwa mpaka tarehe. Mei 11, 1848, mmisionari Johannes Rebmann, akisafiri kutoka Mombasa na kiongozi wa msafara Bwana Kheri, aliona kitu cheupe juu ya mlima. Akauliza ni nini. Kiongozi wake akajibu neno moja ambalo Rebmann aliliandika kwenye shajara yake: baridi. Kila nikilikumbuka neno hilo nafurahi. Mtu wa pwani hakuwa na jina la theluji, basi akakitaja kile ambacho ngozi yake ilikijua. London, mwanajiografia William Desborough Cooley, ambaye hakuwahi kukanyaga Afrika, alikataa kwa miaka mingi kwamba theluji inaweza kuwepo karibu na ikweta. Wakati huohuo watu wa Machame walikuwa wameshalipia ukweli huo. Rebmann alisimuliwa kwamba Mangi Rengua, mtawala wao, aliwahi kutuma watu wakaangalie kile cheupe ni kitu gani, na aliyerudi alirudi na mikono na miguu iliyoharibiwa na baridi.

Baadaye wakaja wengine. Baron von der Decken alijaribu mwaka 1861, na mwaka 1862 akiwa na Otto Kersten akafika mita kama 4,280. Charles New alifika kwenye theluji mwaka 1871. Hans Meyer wa Leipzig alijaribu 1887 akashindwa. Mwaka 1888 alinaswa pwani wakati wa vita vya Abushiri, akafungwa minyororo pamoja na Oscar Baumann, wakakombolewa kwa fedha. Akarudi 1889 na Ludwig Purtscheller, mpanda milima kutoka Austria. Mangi Mareale wa Marangu aliwapokea. Kambi ya juu, zaidi ya mita 4,300, walitunziwa na Mwini Amani, mtu wa Pangani, aliyekaa nao kwenye baridi ile siku baada ya siku. Oktoba 3 walifika ukingo wa shimo la volkano, wakaona kilele kiko mbali zaidi, wakarudi. Oktoba 6 wakafika. Siku hiyo Purtscheller alikuwa anatimiza miaka 40.

Angalia sasa majina. Meyer alikiita kilele kwa jina la Kaisari Wilhelm, akachukua jiwe la pale juu akalipeleka Ujerumani, likawekwa kwenye kasri la Potsdam. Jina lake mwenyewe limebaki kwenye lile pango nililotapikia na kwenye ncha ya juu ya Mawenzi, kilele cha pili cha Kilimanjaro, mita 5,149, ambayo yeye hakuipanda. Mawenzi ilipandwa mara ya kwanza Julai 29, 1912, na Eduard Oehler na Fritz Klute. Gillman's Point ni ya mhandisi Clement Gillman. Stella Point ni ya Stella Latham, aliyefika hapo na mumewe mwaka 1925. Shimo la ndani ni la mchungaji Richard Reusch. Mwini Amani wa Pangani hana hata jiwe. Yohani Kinyala Lauwo, ambaye Marangu wanamkumbuka kuwa aliwaongoza Wazungu wale njia, na aliyefariki mwaka 1996, watu wa Marangu ndio waliomtunzia jina. Wakati mwingine nasikia watu wanarudia kwamba malkia wa Uingereza alimpa mjukuu wake Kilimanjaro kama zawadi ya siku ya kuzaliwa. Si kweli. Mpaka ule ulitoka kwenye makubaliano ya Wajerumani na Waingereza ya 1886, walipogawana nchi zisizokuwa zao.

Jina la Kaisari lilidumu mpaka usiku wa kuamkia Desemba 9, 1961. Miaka miwili kabla, Oktoba 1959, Mwalimu Nyerere alisema hapa Dar, mbele ya Baraza la Kutunga Sheria, kwamba tungependa kuwasha taa tuiweke juu ya Kilimanjaro iangaze nje ya mipaka yetu, ilete tumaini pasipo na tumaini, upendo penye chuki na heshima penye dharau. Luteni Alexander Nyirenda ndiye aliyeufikisha mwenge na bendera kule juu usiku ule. Kuanzia hapo kilele kikaitwa Uhuru. Wewe unayeshika kitambulisho chenye nembo ya taifa, itazame vizuri: yule mwanamume na yule mwanamke wamesimama juu ya mlima huo.

Neno Kilimanjaro lenyewe bado linabishaniwa. Wengine wanasema njaro ni ukuu, wengine ni msafara, na wengine wanashika Kichaga, kilemakyaro, kile kilichoushinda msafara. Sikio la Kiswahili nalo linauliza swali lake: mlima mkubwa hivi uliitwaje kilima? Mimi naegemea Kichaga, kwa kuwa wenyeji wa mlima hawakuwa na sababu ya kungoja msafara kutoka pwani uwape jina. Na hadithi yao ya vilele viwili ni nzuri kuliko tafsiri zote: Mawenzi alizoea kwenda kwa Kibo kuomba moto, anaomba na kurudi kuomba tena, mpaka siku moja Kibo akachoka akamtwanga kwa mchi. Ndiyo maana kichwa cha Mawenzi kimevunjikavunjika namna ile. Ukikaa nje ya kibanda cha Horombo asubuhi, unayaona mapigo yenyewe.

Meru hauna karatasi nyingi namna hiyo. Hata aliyefika kwanza hawakubaliani: wengine wanamtaja Carl Uhlig mwaka 1901, wengine Fritz Jaeger mwaka 1904. Historia yake kubwa ameiandika mlima mwenyewe. Maelfu ya miaka iliyopita ubavu wake wa mashariki ulibomoka, ukaporomoka kuelekea upande wa Kilimanjaro, ukaacha mlima umbo la kiatu cha farasi. Maziwa ya Momella na vilima vidogo unavyovipita kwa gari vimetokana na kifusi hicho. Mlima uliobaki ni mfupi kuliko uliokuwepo. Ndani ya shimo pamekua kilima kipya cha majivu, na mara ya mwisho volkano hiyo kutoa chochote ilikuwa 1910. Kwa hiyo: anayetaka kukanyaga mahali ambapo taifa lilitangaza jambo, aende Kibo. Anayetaka kusoma jinsi mlima unavyozaliwa na kuvunjika, Meru unafundisha vizuri zaidi, kwa sababu unatembea juu ya jeraha lenyewe.

Njiani na usiku wa kilele

Kilimanjaro wanyama wakubwa huwaoni sana. Unaona mbega msituni, kunguru wakubwa kambini, na ile mimea mirefu kama migomba iliyovaa makoti ya majani makavu. Unachokiona zaidi ni watu. Wapagazi, wenyewe wanaitana wagumu, wanakupita na mtungi wa gesi kichwani na begi lako mgongoni, wanakusalimia "pole pole, dada", na ukifika kambini hema limeshasimama. Hifadhi imeweka kikomo cha kilo 20 za mzigo kwa kila mmoja. Kaa getini mizigo inapopimwa. Uone kwa macho yako.

Meru uko ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Arusha, na hakuna anayepanda bila askari wa hifadhi mwenye bunduki. Siku ya kwanza tulikuwa hatujatembea saa moja askari wetu akainua kiganja, tukaganda. Nyati dume alikuwa amesimama mita thelathini hivi, pua ikiwa na maji, anatutazama bila kutafuna. Askari hakuishusha bunduki begani. Alisimama tu, akasubiri, na sisi nyuma yake tukasikia nzi wanavyovuma kwenye mgongo wa yule nyati. Baada ya dakika kama tano akageuka akaingia kichakani, majani yakajifunga. Mbele kidogo tukakuta twiga. Ukiwa na mtoto wa miaka kumi na sita au rafiki ambaye haoni raha ya kutembea kwa ajili ya kutembea, Meru utampa sababu ya kuendelea.

Usiku wa kilele unalinganishwa vibaya na wengi. Wanadhani kwa kuwa Meru ni mfupi basi ni mwepesi. Kibo ni mrefu na unachosha, lakini si mlima wa kuogopa kuanguka. Kutoka kibanda cha Kibo unapanda changarawe ya volkano kwa njia ya kona kona, hatua mbili mbele moja nyuma, mpaka Gillman's Point, halafu unauzunguka ukingo kupita Stella mpaka Uhuru. Kutoka kambi ya Barafu unatokea Stella moja kwa moja. Baridi inafika kumi na tano chini ya sifuri, na upepo unaizidisha. Chupa ya maji igeuze kichwa chini ndani ya begi, kwa sababu maji huanza kuganda juu, na ukiigeuza mdomo wa chupa utabaki na maji. Kipande hicho cha maarifa alinipa mpishi wetu, na saa kumi alfajiri kiliniokoa.

Meru usiku unakutembeza kwenye mgongo mwembamba wa ukingo. Ukishavuka Rhino Point kuna miamba ya kushika kwa mikono, majivu yanayoteleza, na upande mmoja ukuta unashuka moja kwa moja ndani ya shimo. Gizani huoni kina chake. Unakiona asubuhi wakati wa kurudi, na hapo wengine hukaa chini kwanza. Anayeogopa urefu ajue hilo kabla ya kulipa. Kwa mtu wa namna hiyo namshauri Kibo, hata kama ni mrefu zaidi. Sehemu ya kusumbua Kilimanjaro ni ukuta wa Barranco pekee, nao unaupanda mchana, na mkono wa mwongozaji upo.

Na kuna kitu ambacho Meru unacho na Kibo hauwezi kuwa nacho. Ukisimama Kilele cha Ujamaa saa kumi na mbili asubuhi, jua linachomoza upande wa Kilimanjaro. Mawingu yamelala chini kama bahari ya Kigamboni siku isiyo na upepo, na Kibo inaelea juu yake, nyeusi kwanza, kisha zambarau, kisha ule weupe kidogo unawaka. Uliyesimama juu ya Kibo, Kibo huioni.

Nimeandika weupe kidogo kwa makusudi. Meyer na Purtscheller walikata ngazi kwa shoka kwenye barafu ili wafike. Leo njia zote za kawaida ni za mawe na vumbi. Zaidi ya asilimia 80 ya barafu iliyokuwepo 1912 imetoweka. Nilipofika nilikaa mbele ya ukuta wa barafu uliobaki upande wa kusini, ukitoa matone jua lilipopanda, nikayasikia. Kama kuona barafu ni sehemu ya ndoto yako, hiyo ni sababu ya kutosha ya kuipa Kilimanjaro nafasi ya kwanza na kuchangia fedha haraka. Meru utakuwepo vilevile baada ya miaka ishirini. Barafu ya Kibo siwezi kukuahidi.

Fedha, makoti, mvua

Raia wa Tanzania analipa ada za hifadhi kwa shilingi, chini kabisa ya anayolipa mgeni. Kinachokula fedha ni watu, chakula na siku. Kilimanjaro kila mpandaji anahitaji wapagazi wawili watatu, bado mpishi na waongozaji. Kwa Meru kundi ni dogo, unalala kwenye vibanda, siku ni chache. Kwa makadirio yangu gharama ya Meru haifiki hata nusu ya Kilimanjaro ya siku nane. Ukipewa bei ya Kilimanjaro inayokaribiana na ya Meru, uliza wamekata wapi. Mara nyingi wamekata siku, au wamekata posho ya wagumu, na yote mawili utayaona ukiwa umeshapanda.

Makoti nenda soko la Karume asubuhi mapema, mitumba ya nchi za baridi inashushwa pale na ukichambua kwa subira utapata koti la manyoya ya bata kwa bei ya viatu vya wazi. Soksi nunua za sufu. Viatu usinunue wiki ya safari. Begi la kulalia na fimbo kodi Moshi au Arusha, hakuna haja ya kuvibeba kwenye basi kutoka Mbezi mpaka Segera mpaka Same, safari ya siku nzima.

Mvua: epuka masika, Machi hadi Mei. Januari, Februari, na Juni mpaka Oktoba ni nzuri kwa milima yote miwili. Kila mwaka wako Watanzania wanaopanda ili wawe Uhuru siku ya Desemba 9, na kama jina la kilele ndilo linalokuvuta, sijui tarehe bora kuliko hiyo. Ila vuli inaweza kuwa bado haijaisha, hivyo beba nguo za mvua na uwe tayari kupita msituni kwenye matope.

Kabla ya yote, Lupanga

Sharti nililompa mdogo wangu na wenzake ni moja: wote watano waende kwanza Morogoro. Treni ya SGR iliyoanza mwaka 2024 inafika pale kwa muda usiofika saa mbili. Kilele cha Lupanga, kwenye milima ya Uluguru juu ya mji, kina mita kama 2,138, na mji uko mita kama 500, kwa hiyo ni kupanda zaidi ya mita 1,600 kwa siku moja, msituni, kwa mizizi na matope, na kurudi. Kibali na mwongozaji mnapata mjini Morogoro. Hapo hamna ugonjwa wa hewa nyepesi. Kuna magoti, kuna viatu vinavyobana, na kuna kujua ni nani kati yenu anayenyamaza akichoka na nani anayegomba. Halafu maji tunayoyafungulia bombani Dar yanatoka Mto Ruvu, na Ruvu inakusanya maji yake kwenye misitu hiyo. Ni vyema mtu akayaona yakianza, yakiwa baridi, chini ya jiwe.

Walikwenda. Wawili waligundua kwamba wanaogopa sana kuangalia chini, hata pale Lupanga penye miti. Hao wameamua kuendelea kuchanga mpaka mwakani, Lemosho, siku nane. Watatu, mdogo wangu akiwemo, wanakwenda Momella Februari. Jumamosi alikuja nyumbani na mabuti aliyoyapata Karume, soli nzima, kamba zimeliwa kidogo. Nikamwambia abadilishe kamba, na kuanzia Jumatatu aende nayo kazini miguuni, apande ngazi za jengo lao badala ya lifti, mpaka yaache kumchubua kisigino.